Machozi ya Mama wa Sinema

Alikuwa hapendi kukaa mahali ambapo mwanga unamtokea kwa nyuma. Awe kanisani, awe kwa fundi viatu, awe kwenye foleni ya kliniki, kwanza aliangalia dirisha liko wapi, halafu akatafuta kiti kinacholielekea. Kama kilikuwa na mtu, alisimama mbele ya mtu huyo mpaka apishwe. Kule Bertrams tulikokaa naye nyumba moja tulizoea kumwachia kiti cha jikoni kilichotazama uani. Asubuhi ungemkuta pale, kidevu juu, mikono mapajani, anasubiri kama mtu anayengoja kuambiwa aanze. Watoto wa mtaa walimwita Gogo, kama wanavyomwita kila bibi hapa Johannesburg. Sisi tunaosema Kiswahili tulimwita Mama wa Sinema.

Jina hilo hakujipa mwenyewe, ingawa hakulikataa. Katika ujana wake, huko Bukavu, zama za Wabelgiji, alikuwa akiigiza katika sinema za mapadri. Hazikuwa sinema za kupelekwa Ulaya. Zilikuwa za kutufundisha sisi weusi: tuchemshe maji, twende zahanati, tuache pombe, tuoe mke mmoja. Padri mmoja mwenye ndevu nyekundu ndiye aliyezipiga, akazikata na kuziunga, kisha akazitembeza kwa gari lake, akitundika shuka jeupe kwenye ukuta wa misheni au kambi ya wachimba madini. Mke mwema padri alimbadilisha kila sinema. Mke mbaya alikuwa huyu huyu, miaka yote.

"Mke muzuri anakaa tu," aliniambia. "Mke mubaya njo ana kazi."

Sinema zake hakuzitaja kwa majina. Alisema ile ya sumu, ile ya homa, ile ya mbuzi. Ile ya mbuzi aliipenda kupita zote kwa sababu mbuzi alikataa kuigiza.

Mimi nilikutana naye matangani. Mei ya mwaka 2008, walipoanza kuwashambulia wageni kule Alexandra, mume wangu alikuwa amelala baada ya zamu yake ya ulinzi. Walimtoa ndani, na hakurudi. Zaidi ya hapo sielezi. Nimeshaeleza kwa polisi, kwa watu wa mahema ya wakimbizi, kwa mchungaji, na kila nilipoeleza ilikuwa kama ninasoma tangazo la mtu mwingine. Nilibaki na binti yangu Neema, ambaye alikuwa bado mdogo wa kubebwa mgongoni akichoka, na mkasi wangu wa ushonaji ambao sijui niliuchukua saa ngapi. Shemeji yangu, kaka mkubwa wa marehemu, akaweka matanga kwake Berea, ghorofa ya juu kabisa ya jengo ambalo lifti yake ilikuwa imegeuzwa stoo.

Sikulia. Wala sikujizuia. Hakukuwa na kitu cha kuzuia. Mwili wangu ulikuwa kama mguu uliokaliwa muda mrefu. Unaugusa, unajua ni wako, lakini hausikii. Nilikaa kwenye godoro, watu wakaingia, wakatoka, nami nikawa ninahesabu mishono ya pazia la shemeji na kuona kwamba fundi alikuwa na haraka.

Sasa, mjane asiyelia ana lake jambo. Ndivyo wanavyosema watu wa Uvira, watu wa mume wangu, na sisi wa Kigoma ng'ambo ya ziwa tunasema vivyo hivyo, kwa hiyo siwezi kujifanya nilionewa. Kwanza wanawake waliacha kuniletea chai. Kisha wakaacha kukaa upande wangu. Halafu nikamsikia shemeji mlangoni, wala hakushusha sauti.

"Huyu mwanamuke hana hata chozi moja. Kama ni vile, mutoto wa ndugu yangu hatabakia kwake. Tutamupeleka Uvira kwa bibi yake."

Nilimsikia vizuri. Nilijua kwamba wakimchukua Neema nitakuwa nimekwisha. Nilijua hivyo kama mtu anavyojua hesabu, na bado macho yangu yalikuwa makavu.

Ndipo akaingia bibi mrefu, mwembamba, mwenye kitambaa cha kijani kichwani, akauliza dirisha liko wapi. Walimwalika kwa sababu matanga ya Johannesburg yana baridi. Watu wanakufa huku hawana mama, hawana dada, hawana shangazi. Unakuta wanaume wanne kwenye viti vya plastiki wanaongea mpira. Yeye alikuwa akiitwa aje alie. Hakutoza kitu, alitaka kiti chenye mwanga na paja la kuku, na kuku akikosekana hakununa sana.

"Marehemu alikuwa na kitu gani kidogo?" akauliza.

"Alikuwa mtu mwema," mtu mmoja akajibu.

"Sikuuliza vile. Bema, batu bote ni bema bakikufa. Kitu kidogo."

Mimi nikasema, "Kabla ya kumenya chungwa alikuwa analibingirisha mezani kwa kiganja."

Akanitazama. Kisha akaacha kiti alichopewa, akashuka chini kwenye godoro, akakishika kichwa changu na kukilaza kifuani pake, uso ndani, akaanza. Alianza chini sana, kama mtu anayeburuta kabati chumba cha jirani. Kisha sauti ikapanda, na wanawake mle ndani ambao walikuwa wamechoka na mimi wakapanda nayo. Nilisikia maji ya moto yakidondoka kwenye paji la uso wangu, yakipita kando ya pua, yakiingia shingoni. Alinikumbatia hivyo, akinililia usoni. Halafu, ghafla, kama redio iliyozimwa, akanyamaza, akakiinua kichwa changu na kukigeuzia watu.

"Muangalie," akasema. "Muangalie vile mutoto wa batu amelia."

Uso wangu ulikuwa umelowa mpaka kwenye kola. Hakukuwa na chozi langu hata moja. Shemeji akaangalia viatu vyake, na habari ya Uvira haikutajwa tena, siku ile wala siku nyingine. Mama wa Sinema akajifuta macho kwa ncha ya kitambaa na kuuliza kama chai ina maziwa.

Kabla hajaondoka akaniambia kuna chumba kando ya chake, kule Bertrams, mwenye nyumba ni mkali lakini bomba lina maji. Nikahamia na Neema. Nikapata cherehani, nikashona sare za shule, na kwa miaka mingi nikaisikia sauti yake kupitia ukuta wa mbao.

Ile tabia ya kunyamaza ghafla ilinisumbua mwanzoni. Matanga yoyote alilia kwa vipande. Kipande kimoja, kimya, chai kidogo, kipande kingine. Watu wasiomjua walidhani ni mgonjwa. Nilipomuuliza akacheka, akanieleza kwamba mashini ya padri haikuwa na umeme. Ilizungushwa ufunguo kama saa ya mezani, na ufunguo ukiisha picha inakatika. Filamu zilikuwa chache, zinatoka mbali kwa meli na treni, na padri alikuwa mtu wa hasira. Kwa hiyo machozi yalipaswa kufika kabla ya ufunguo kuisha. Yakichelewa, padri alitupa kofia yake chini na kusema Kifaransa cha dhambi.

"Alileta kitunguu," akaniambia. "Nikakataa. Kitunguu kinakuliza pua. Batu banaona pua iko nalia, macho yanashangaa."

Akajifunza mwenyewe. Njia yake ilikuwa hii: usifikirie huzuni, kwa maana ukiifikiria inakimbia, inataka kufuatwa. Tafuta kitu kidogo kisichokuhusu sana, kifungo kinachoning'inia, kikombe kisicho na mkono. Kiangalie hicho tu. Pumzi itoke tumboni, mabega yaanguke kwanza, macho yafuate yenyewe. Alinifundisha jikoni mara nyingi, akinibonyeza tumbo kwa vidole vyake vigumu. Sikuweza. Nilitoa sauti, ndiyo, lakini machozi hakuna.

"Weye ni kisima chenye bamefunika," alisema, bila huruma, akarudi kwenye sombe yake, kisamvu cha kwao.

Neema ndiye aliyeweza. Alipoanza shule aligundua kwamba akitazama kamba ya kiatu chake kwa makini anaweza kusamehewa kazi ya nyumbani. Mwalimu akaniita, akaniambia kwa upole kwamba mtoto anapitia magumu nyumbani. Niliporudi kumshitaki yule bibi, hakuona haya hata kidogo. Aliuliza tu kama mabega yalianguka kabla ya macho.

Sinema zenyewe zilikuwa hazina sauti. Padri alipozionyesha alisimama mtu kando ya shuka, akawaeleza watu kwa Kiswahili nani anasema nini. Hivyo waigizaji wangeweza kusema lolote, mradi midomo icheze. Katika ile ya homa, mke mbaya anatubu kitandani. Siku ile padri alikuwa amemfokea tangu asubuhi. Basi binti akalala kitandani, mashini ikazungushwa, naye kwa lugha ya kwao akamtukana padri, ndevu zake, gari lake na mama yake aliyemzaa, huku machozi yakimtiririka. Ilipoonyeshwa, msemaji akatangaza kwa sauti nzito kwamba mwanamke huyu sasa anamwomba Mungu msamaha. Watu wakapiga ishara ya msalaba. Nyuma kabisa kulikuwa na mzee kiziwi, aliyezoea kusoma midomo ya watu, akacheka mpaka akatolewa nje.

Alinisimulia hilo mara nyingi na kila mara alicheka pale pale, kwenye mzee kutolewa nje. Lakini huyo huyo padri, Mama wa Sinema alimwombea kila jioni, kwa jina, akipiga magoti kwenye saruji. Nilimuuliza anamwombea nini mtu aliyemtumia miaka yote na kumlipa vitenge na chumvi. Akasema, "Alinionaka." Sikumwelewa, nikarudia swali. "Bengine bananiangalia. Ule alinionaka." Wala hakutaka niendelee.

Mwishoni mwa ile ya homa mke mbaya anakufa. Padri alitaka mazishi yawe kamili: jeneza la misheni, kwaya, udongo. Alilazwa ndani, akafunikwa, akasikia kokoto juu ya mbao. Sinema ikazunguka mpaka kambi moja ya machimbo ambako alikuwa anakaa shangazi yake. Shangazi akamwona binti wa kaka yake anazikwa, kwa macho yake mawili, na jina la kijiji likatajwa. Alinyoa nywele usiku uleule, akafunga safari kwa miguu na kwa malori, akalia njia nzima, akafika Bukavu akamkuta marehemu anatwanga muhogo. Akamzaba kofi.

"Akaniambia, mimi nimekwisha kukulilia. Siku yenye utakufa ya kweli, usinitegemee. Na kweli, alipokea habari zangu zote za mbaya akiwa kimya, ule mama, mpaka akakufa mwenyewe."

Hiyo ilikuwa ya kuchekesha. Ile ya sumu haikuchekesha. Ndani yake mke mbaya anamwekea mke mwenzake sumu, kisha analia matangani kuliko wote, anajigaragaza, mpaka mwanamke mmoja mwema anamshuku na polisi wanakuja. Alilia vizuri mno. Mahali pengine wanawake walilirushia shuka mawe. Toka hapo mjini Bukavu akawa yule anayelia uongo. Wachumba walikuja, wazazi wao wakaja nyuma yao na kuwaondoa. Mwishowe akaolewa na seremala mmoja, mtu mzima, ambaye hakuwahi kwenda sinema kwa sababu giza lilimtia usingizi. Walizaa mtoto mmoja wa kiume. Uhuru ulipofika padri aliondoka na makopo yake ya filamu. "Sinema zikaenda kwao," alisema, "mimi nikabakia na sifa."

Kisha seremala akafa. Mkewe akamlilia, na hakutumia kifungo wala kikombe. Alilia kama anavyolia mtu yeyote. Katikati ya kilio akasikia wanawake wananong'ona, angalia, ameanza. Mtoto mmoja, ambaye wala hakuwa na nia mbaya, akapiga makofi.

Hilo alinisimulia mara moja tu, akiwa anachambua mchele, na hakuacha kuchambua. Akasema tangu siku ile hakulia ya kwake. Ya watu, ndiyo, mengi. Ya kwake ameyaweka.

Hapa Johannesburg kila mtu alilijua jambo hilo kwa namna fulani, hata wasioijua hadithi. Nilisikia saluni, nilisikia kanisani, nilisikia kwenye foleni ya spaza, duka la mtaani: yule mama analia kama bomba, lakini msiba wake mwenyewe ukifika, sisi tutajuaje? Walisema kwa utani. Yeye mwenyewe aliucheka utani huo, na akicheka alitazama pembeni. Alikuwa na mtoto mmoja duniani, yule wa seremala, aliyemleta huku wakati wa vita vya kwao na aliyemlipia chumba. Alikuwa anaendesha lori njia ya Durban. Kila lori likichelewa, mama yake alikaa kwenye kile kiti cha jikoni bila kusema na mtu. Nilijua anachoogopa. Aliogopa msiba kama mama yeyote, kisha akaogopa kitu cha pili ambacho mama wengine hawana haja ya kukiogopa.

Nisimfanye malaika. Alikuwa mlafi wa sukari. Umri wake ulipanda na kushuka: kwenye foleni za wazee alikuwa na themanini, mbele ya fundi bomba kutoka Burundi alikuwa hajafika sitini. Alisema amewahi kushikana mkono na mfalme wa Wabelgiji. Wiki nyingine alikuwa amemwona kwa mbali. Wiki nyingine alikuwa mgonjwa siku mfalme alipopita. Lakini mtoto akivunja kikombe na kusema si mimi, alikasirika hasa, na angeweza kukaa siku nzima bila kusema naye. Uongo usio na kazi, alisema, ni uchafu.

Alipenda tamthilia za jioni kwenye televisheni, za Kizulu, ambazo hakuelewa neno. Vijana wa nyumbani walimkalisha mbele, nao wakakaa nyuma kumsikiliza yeye badala ya televisheni.

"Huyu iko nalia na nyusi. Huyu, hapana, huyu ana njaa tu. Huyu mudogo, bon, huyu anajua. Anamuangalia mutu kwanza. Njo hivyo."

"Eish, Gogo," walisema, "wewe ungewamaliza hawa."

"Mimi nilikwisha kumaliza bengi," akawajibu.

Mchungaji mmoja alimjia nyumbani kumwonya kwamba machozi ya kuigiza ni dhambi, kwamba anawadanganya wafiwa. Alimsikiliza mpaka mwisho, akampa soda. Kisha akamuuliza, "Na weye, Pasta, kila Siku ya Mungu uko nafurahi kweli?" Mchungaji akanywa soda. Baada ya hapo, mama mmoja wa kanisa lake alipofariki, ni huyo mchungaji aliyetuma gari kumchukua.

Mimi namwelewa mchungaji. Nilienda na Mama wa Sinema matanga mengi, nikimshika mkono ngazini, na nikaona kile alichokuwa anafanya. Watu walikuwa wamekaa kama mimi nilivyokaa, wamekufa ganzi kwa kazi za zamu, kwa baridi, kwa kupigiwa simu tu kwamba fulani hayupo. Alilia, nao wakakumbuka namna. Wengi waliondoka wamelia machozi yao wenyewe. Mimi sikuwahi. Niliwapelekea watu vikombe. Miaka ilipita, Neema akarefuka, nikapata kibanda cha kushonea Berea na chumba karibu nacho, nikahama Bertrams. Tukawa tunaonana Jumapili, halafu Jumapili moja moja.

Mwaka 2014, majira ya baridi, lori la mwanawe liliacha barabara kwenye mteremko. Nilipata habari nikiwa ninapima sketi. Nilimaliza kuipima, nikaandika vipimo, nikamwambia mteja aje wiki ijayo, ndipo nikafunga kibanda.

Ua wa Bertrams ulikuwa umejaa. Sijaona matanga ya mgeni Johannesburg yenye watu wengi kama yale. Walikuja wote aliowahi kuwalilia: kutoka Yeoville, kutoka Hillbrow, kutoka Rosettenville alikokuwa anakaa mwanawe na mkewe. Walikuja kwa heshima, sina shaka. Lakini walikuja pia kutazama. Viti vilikuwa vimepangwa kuelekea mlango wa jikoni.

Yeye alikuwa ndani, amekaa chini kwenye mkeka, mgongo ukutani. Hakulia. Alikuwa amekaa hivyo tangu asubuhi ya jana yake, wakaniambia. Hakuwa na chozi, hakuwa na sauti, na chai haikuguswa.

Manung'uniko yalikuwa yameshaanza. Pengine anangoja watu wajae. Hata mtoto wake? Machozi amewapa watu yote. Na kando ya hema la matanga, kaka wa mkwewe, mwanamume mnene mwenye koti la ngozi, alikuwa anasema lile neno ambalo kwetu likishasemwa halirudi.

"Mama mwenye analilia batu bote, ashindwe na mutoto wa tumbo yake? Iko na sababu. Huyu mama amemukula mutoto. Dada yangu hatalipa hiki chumba hata siku moja."

Watu wawili watatu wakatikisa vichwa kukubali. Lisemwalo lipo, mmoja akasema. Nilijua kitakachofuata. Bibi mchawi hapewi chumba na mtu, hata na wale aliowalilia.

Nikaingia, nikakaa kando yake. Hakunigeukia.

"Mama Neema. Haikuje."

"Najua, Mama."

"Nimetafuta kitu kidogo. Viatu vyake. Vile alikuwa nakohoa akiingia mulangoni. Vyote ni vikubwa. Haikuje."

"Usitafute."

"Batu banangoja."

"Wanangoja," nikasema.

Mle ndani palikuwa na wanawake sita au saba, na wote walikuwa wakitutazama. Sauti ya mwenye koti ilikuwa inakaribia mlango. Nikakilaza kichwa cha Mama wa Sinema kifuani pangu, uso ndani. Kilikuwa chepesi. Nikaachia mabega, nikavuta pumzi mpaka chini, nikafungua mdomo. Sauti iliyotoka ilikuwa mbaya, nyembamba, ya kooni.

"Chini," akasema ndani ya nguo yangu. "Hapana lia kama mutu ameungua na pasi. Chini."

Nikashuka. Nikaisukuma kutoka tumboni. Ikatoka nyingine, nzito, na hiyo ilisikika kama ya mtu. Mwanamke wa mlangoni, ambaye tulimzika dada yake pamoja mwaka wa nyuma, akaweka mikono kichwani na kuipokea. Kisha wa dirishani. Kisha uani, mmoja mmoja, kisha wote, mpaka paa la bati likawa linatetemeka na yule mwenye koti akawa anasema maneno ambayo hakuna aliyeyasikia. Mke wa marehemu alikuja mbio, akaanguka miguuni pa mama mkwe wake, akamshika vifundo vya miguu, akalia kilio cha kweli. Kaka yake akabaki mlangoni, mikono imening'inia, kisha akavua kofia.

Nilinyamaza kipande changu kilipoisha. Hakuna aliyegundua. Walikuwa wameshika wenyewe.

Mama wa Sinema akainua kichwa. Macho yake yalikuwa makavu kama yangu. Tukatazamana kwa karibu, na kwa mara ya kwanza nilimwona alivyozeeka.

"Ulifikiria nini?" akauliza.

"Baba Neema."

"Na haikuje?"

"Haikuja."

Alifikiri kidogo. Kisha akausogeza mgongo wake ukutani kunipa nafasi, akatandaza nusu ya blanketi lake juu ya miguu yangu, na tukakaa. Nje wanawake waliendelea kulia, na walikuwa wanalia vizuri.